Adabu za Sotvoldi

Mtaa wa wafinyanzi pale Rishton ulishangaa Sotvoldi alipopata adabu uzeeni. Huyu ni mpishi wa pilau za harusi, mdomo mchafu, mtu aliyezoea kupita mageti ya watu kama hawaoni. Ghafla akawa anasimama kila geti, mkono kifuani, anawajulia hali wenyewe. Watoto hawajambo? Ng'ombe kazaa? Na mkwe wa Kokand? Akimaliza ng'ombe, anarudi kwa watoto upya. Imamu akamsifu msikitini. Mkewe Zumrad akaanza kushuku kuna mwanamke.

Mwanamke wapi, jamani! Kulikuwa na mguu. Akitembea kidogo tu, kigimbi cha kushoto kinabana kama kimetiwa koleo. Akisimama, kinaachia. Na mpishi akisema anaumwa mguu, kesho sufuria kubwa anapewa mwingine. Basi akaficha maumivu ndani ya salamu.

Tabu ilikuwa geti la Nabijon. Hawakuwa wakisemezana tangu Nabijon atangaze harusini, mbele ya wakwe, kwamba pilau ya Sotvoldi ni uji wenye karoti. Na mguu, kwa ufedhuli wake, ukachagua kugoma hapohapo.

"Assalamu alaikum," Sotvoldi akasema, meno ameyauma.

Nabijon aliyekuwa akikanda udongo nusura aanguke. "Waalaikumu salamu. Umepotea njia?"

"Nakujulia hali tu. Watoto?"

"Si uliwaita kenge?"

"Haya, kenge hawajambo?"

Nabijon akacheka bila kupenda. Kesho yake mguu ukagoma tena palepale, safari hii akakuta benchi na chai. Ikawa desturi, na wote wawili wakajifanya hawaipendi.

Siku moja Nabijon akamwona anapapasa kigimbi. "Vua soksi, kaka."

"Una wazimu?"

"Vua! Kaka yangu Hoshim naye alikuwa na salamu nyingi hivihivi. Mpaka wakamkata mguu."

Sotvoldi akavua. Mguu ulikuwa wa baridi, unang'aa, hauna hata unywele, na kidole gumba kina kidonda kilichokataa kupona. Akatafuta tusi, akalikosa. Akalia mbele ya adui yake, na adui yake akamvalisha soksi.

Daktari Mastura alimpima presha mkononi, kisha kifundoni mwa mguu, akatikisa kichwa. "Mishipa inayopeleka damu mguuni imejaa mafuta, imekuwa myembamba. Unakula nini, baba?"

"Naonja tu chakula cha wageni."

"Anaonja mafuta ya mkia wa kondoo, sahani nzima," Nabijon akadakia. "Na ugoro chini ya ulimi, asubuhi mpaka usiku."

"Wewe umekuja kunisindikiza au kunishtaki?"

"Vyote viwili."

Daktari hakucheka. Ugoro uishe leo, akasema. Vidonge vya kushusha lehemu, yaani mafuta ya kwenye damu, vingine vya kuzuia damu isigande, na kidonda kioshwe zahanati. Kikipona, atembee kila siku: mguu ukibana apumzike, ukiachia aendelee. Hayo yasiposaidia, watauzibua mshipa hospitali. "Na usidhani ni mguu tu. Moyo na ubongo vinalishwa na mishipa kama hiyo. Ungechelewa kidogo, mguu ungekwenda."

Wakati wa matunda ya mishmishi kuiva, kidonda kilikuwa kimefunga. Sotvoldi alikuwa anapika bila mafuta ya mkia, wageni wananung'unika na wanamaliza. Mguu nao ukaanza kuyapita mageti, moja, halafu jingine. Mtaa ukasonya: huyoo, karudia kuringa!

Asubuhi moja akapita hata geti la Nabijon, kigimbi kimya kabisa, yeye mwenyewe anajiona kijana wa kuposa. Nyuma yake akasikia sauti:

"Haya. Umepona, nenda zako."

Akageuka. Benchi lilikuwa limefutwa vumbi. Chai ilikuwa imeshamiminwa, vikombe viwili, na Nabijon alikuwa anautazama udongo wake kama ndiyo kwanza anauona.

Sotvoldi akashika kigimbi, akakunja uso. "Aaah! Mguu umenibana tena, ndugu yangu."

"Mwongo mkubwa wewe," Nabijon akasema, akasogea kumpisha.