Midomo Yake, Sauti Yangu

Shida zangu zilianza mwaka 1966, nikiwa na miaka tisa. Baba alifariki, baba mdogo akasema shule imezikwa naye. Nikaishia darasa la pili. Sisemi hivi ili unihurumie. Nasema ili ujue kwamba nilicho nacho nimekitafuta kwa mgongo wangu, na haya unayoyasoma nimeyaandika kwa mkono wangu. Ukikuta kosa, liruke kama dimbwi, uendelee na safari.

Nilibeba mizigo stesheni ya Tabora. Nikafagia ukumbi wa sinema Dar es Salaam, na humo nikajifunza kazi isiyofundishwa shuleni: kuwasimulia wenzangu filamu za lugha nisiyoijua. Nilitazama nyuso tu. Mwongo ni mwongo, aseme Kihindi aseme Kichina. Mke wangu alipofariki na wanangu wakawa na miji yao, nikaingia Dubai kupakua injini zilizotumika kwenye maghala ya Ras Al Khor. Arbab, ndiye tajiri wangu, aliona miaka inapita siibi wala sisinzii. Akanipa funguo za stoo.

Mwaka 2012 tulifungua kontena moja, na katikati ya milango ya magari tukakuta katoni la sidii za filamu za kale, pamoja na kitabu chembamba. Kila kasha lilikuwa na picha ya mwanamume yuleyule: nywele zimelazwa kwa mafuta kama zimepigwa pasi, macho yamelegea, ua kifuani. Arbab akasema, "Takataka hii, chukua." Nikachukua.

Ijumaa baada ya sala, wenzangu walizoea kuja stoo kwangu: wajenzi, wapakuzi, walinzi, Watanzania na Wakenya wachache. Nikaweka sidii ya kwanza kwenye televisheni. Mwanamume akatokea, akamshika mwanamke mkono, midomo ikawa inakwenda. Sauti hakuna. Tukaipiga televisheni makofi. Tukanunua spika mpya. Mwisho tukaibeba hadi mtaa wa Naif kwa fundi mmoja Mhindi wa Kerala. Akaifungua, akaifunga, akacheka mpaka akakaa chini.

"Sadiki, rafiki, televisheni mia mia, nzima," akasema. "Watu wenyewe ndio hawasemi. Filamu bubu hiyo."

Tulirudi na spika zetu kama watu waliotoka kununua tandiko la punda wasiye naye. Wenzangu wakataka kuondoka. Nikasema, "Kaeni. Sauti ninayo mimi."

Nikasimama kando ya kioo. Yule bwana alipopiga goti, nikasema kwa sauti ya kutetemeka, "Bibi, tangu nikuone, hata ugali haushuki." Stoo nzima ikalipuka. Mwanamke alipogeuza uso, nikabana pua: "Kwanza kaoge, bwana, unanuka farasi." Wiki iliyofuata watu walijaa mpaka wakakalia injini. Mara kwa mara filamu ilikatika, yakatokea maandishi ya Kizungu kwenye kibao cheusi. Niliyakazia macho kama hakimu, kisha nikasema nilichotaka. Nilikuwa naringa, sifichi. Funguo nilipewa na arbab, lakini heshima ya Ijumaa niliitengeneza mwenyewe.

Halafu akaja mwalimu.

Alikuwa mama wa Kikenya kutoka Nakuru, mjane, umri wa kuanza kuvaa miwani. Kwao alifundisha shule ya msingi miaka mingi. Hapa alilea watoto wa madam mmoja huko Rashidiya. Aliletwa na mlinzi wetu Mkenya. Akakaa nyuma, mkoba magotini. Nilimpenda siku hiyohiyo, na siku hiyohiyo nikamwogopa. Maana wengine wakicheka maneno yangu, yeye alicheka pale pasipo na maneno: kibao kikitokea, anasoma, ananitazama, anafunika mdomo. Sentensi yake moja tu ingetosha kunivua nguo mbele ya watu. Wiki nzima nilibeba injini huku nikiomba asije. Na nikiomba aje.

Alikuja. Siku hiyo bwana wetu alikuwa ananyeshewa mvua chini ya dirisha la mpenzi wake. Kibao kikatokea. Nikasema, tena kwa machozi, "Ewe dirisha, ungekuwa na moyo ungefunguka mwenyewe! Nimevuka mito saba, viatu vimekwisha, nyayo zimekwisha, sasa natembea kwa magoti..."

Fundi rangi mmoja, mgeni wetu kutoka Tanga, akasimamisha filamu. "Mzee, shikamoo, lakini hapo yapo maneno matatu tu. Wewe umesema robo saa. Mama mwalimu, hebu tusomee."

Mlinzi akamvuta shati. "Wee, wachana na hiyo. Tazama sinema."

"Mimi nauliza tu!"

Watu wote wakageuka nyuma. Mwalimu akavua miwani, akaifuta, akaivaa. Akanitazama muda mrefu.

"Pameandikwa," akasema taratibu, "Saa moja baadaye."

Ulisikia kicheko wewe? Mabati yalitikisika. Nikaona niseme kabla sijasemwa. "Ni kweli," nikasema. "Kizungu sijui kusoma hata neno. Kiswahili chenyewe nasoma kwa kidole. Nimewadanganya miezi minne. Anayetaka kutoka, mlango ule pale."

Hakuna aliyetoka. Mlinzi akasema, "Mzee, mimi Kizungu nimesoma tangu nikiwa mtoto. Nimejua siku ya kwanza. Kwani ulidhani tunakuja hapa kusoma?"

"Yalla, mzee, twende!" fundi rangi akapiga kelele. "Umefika kwenye magoti. Anaingia au haingii?"

Nikaendelea. Mwalimu akahama kutoka nyuma, akaja kukaa mstari wa mbele.

Tangu hapo, kila Ijumaa alifika mapema, akanisomea kile kitabu chembamba. Kilikuwa maisha ya yule bwana. Nilimdhania mtoto wa kitajiri. Kumbe baba yake alikuwa fundi viatu, akafa mapema. Kijana akapanda meli akiwa na miaka kumi na saba, akaosha sahani hotelini, akafundisha dansi matajiri waliomkanyaga vidole. Siku moja mwigizaji aliugua, wakamchukua yeye kwa sababu suti ilimwenea. Baada ya hapo wanawake walizimia kwenye kumbi, barua zikaja kwa magunia. Kisha filamu zikaanza kusema. Alipofungua mdomo, sauti ikatoka nyembamba, na lafudhi ya kwao. Watu wakacheka, kazi ikaisha.

"Akajiua?" nikauliza.

"Hapana, mzee. Alifungua duka la maua. Aliuza maua mpaka akazeeka, na alimwoa aliyekuwa anamshonea nguo za sinema."

Nikapiga paja. Huyu ni mtu wangu! Ijumaa iliyofuata niliwasimulia wenzangu maisha yake ya kweli, bila kuongeza chumvi, na mwalimu shahidi. Walishangilia duka la maua kuliko busu lolote.

Mwalimu alinifundisha pia kusoma vizuri, na kuandika, kwa makaratasi ya kufungia vipuri. Aliponikosoa alisema, "Hapana, rudia," kama vile nina miaka tisa. Nikarudia.

Mwaka 2014 nilitaka kumwambia jambo. Nilijiandaa siku nyingi. Alipoingia stoo, nikajikuta namtajia bei ya injini. Mimi niliyemsemea bwana yule kwa miaka miwili! Nikaweka mkono kifuani. Nikalegeza macho. Nikapiga goti, likalia kama bawaba.

"Kibao kiko wapi?" akauliza.

Nilikuwa nacho nyuma ya mlango. Kipande cha katoni, herufi kubwa, kalamu ya kuwekea alama injini: NATAKA TUZEEKE PAMOJA.

Akasoma. Akaomba kalamu, akageuza katoni, akaandika upande wa pili: SAA MOJA BAADAYE. Akachukua mkoba, akatoka.

Nilikaa juu ya gia boksi dakika sitini. Sijawahi kubeba mzigo mzito kama ule. Saa ilipotimia alirudi na vikombe viwili vya chai, akanipa kimoja, akasema, "Haya. Lakini kiatu kipya kwanza. Hicho kimevuka mito saba kweli."

Leo ni mwaka 2019, nina miaka sitini na miwili. Nina nusu ya duka la vipuri Ras Al Khor. Nusu nyingine ni ya arbab. Nina nyumba ya matofali Tabora, vyumba vitano, bati jipya. Pikapu moja. Televisheni ileile na spika zake. Sidii kumi na moja, moja ina mkwaruzo. Miwani ya kusomea. Jozi tatu za viatu. Mke mmoja, mwalimu. Kipande cha katoni, kimeandikwa pande zote mbili.