Ongezeko la Ng'ombe wa Baba

Nikinusa moshi wa samadi kavu, ule unaofukizwa zizini jioni kufukuza mbu, bado huinuka na kuondoka. Wenzangu wa mjini hudhani nachukia ng'ombe. Siwachukii hata kidogo. Nimekulia miguuni pao, vijijini huko upande wa Didia. Kinachonirudia ni hesabu moja ya asilimia ya darasa la sita.

Kwetu, kama kwa Wasukuma wengi, idadi ya ng'ombe haitajwi. Baba aliwakagua kwa rangi na tabia: yule mwekundu mwenye paji jeupe, yule mkorofi wa pembe moja. Akikosekana mmoja alijua papo hapo, lakini namba haikutoka mdomoni mwake. "Ukiwataja, umewapunguza," alituambia, na Baba hakuwa mtu wa kurudia jambo. Mimi niliwahesabu kimoyomoyo kila nilipofungua zizi, maana shule ilikuwa imeshaniharibu.

Mwalimu wetu wa hisabati, Mwalimu Mbwana, alitoka Tanga, na hayo hakuyajua. Siku hiyo alifunga kitabu, akasema amechoka na magunia ya watu tusiowajua. Kila mmoja ataje mifugo ya kwao, mwaka jana na mwaka huu, kisha atafute asilimia ya ongezeko. Wenye kuku walijimwaga. Kisha fimbo ikanielekea mimi.

"Minza, kwenu nimepita. Zizi limejaa! Walikuwa wangapi, na sasa wangapi?"

Wenzangu wakainamia madaftari. Wote waliujua mwiko, na hakuna aliyethubutu kumwambia mwalimu. Pembeni yangu alikaa Shija, ambaye mdomo wake haukuwa na mlango. Neno langu lingefika nyumbani kabla yangu. Tangu machimbo ya dhahabu ya Mwakitolyo yavute watu, wageni walizidi njiani, na wezi wa mifugo nao hawakukosekana. Ningetaja, Baba angeniachisha shule. Alikuwa ameshatishia hivyo kwa makosa madogo zaidi. Niliogopa hilo kuliko viboko.

"Sijui, Mwalimu."

"Hujui ng'ombe wa kwenu? Njoo mbele."

Nilikwenda ubaoni. Chaki ikanivunjikia mkononi. Nikamkumbuka dada yangu Kabula, aliyenifundisha asilimia kwa punje za mahindi juu ya ungo: chukua kilichoongezeka, kigawe kwa kilichokuwepo mwanzo, usigawe kwa cha sasa, hapo ndipo wengi hukosea. Nikapiga hesabu kichwani, nikaandika jibu peke yake: 25%.

"Njia iko wapi?" Fimbo ikagonga meza.

"Mwalimu," nikasema, "kwa kila ng'ombe wanne wa zamani, ameongezeka mmoja."

Mwalimu alisogea ubaoni. Kisha akachukua chaki, akaandika robo, akazidisha kwa mia, akaanza kucheka. "Sawasawa kabisa! Na hao walioongezeka, wamezaliwa?"

"Hapana, Mwalimu. Dada Kabula ameolewa."

Kicheko kikakatika. Akaniambia kwa sauti ya chini nikakae, na hakumwuliza tena mtu yeyote habari za mifugo.

Nilikaa nikijivuna. Jioni, Shija alikuwa ameshafikisha habari, na Baba akaniita zizini. Nikapiga magoti, nikamwamkia.

"Marahaba. Umewataja?"

"Sijawataja, Baba. Nimesema asilimia."

Akataka nimweleze, nikamweleza. Alicheka hadi akakohoa. "Ng'wanone," akasema, kwa Kisukuma chake cha kumbembeleza mtoto, "wewe utasoma." Na kweli nilisoma. Idadi yenyewe hata ninyi siwaambii.

Ilinichukua miaka kuelewa kwa nini Mwalimu Mbwana alinyamaza. Nilidhani nimemshinda, kumbe yeye aliendelea na hesabu pale nilipoiachia. Kabula alikuwa ndiyo kwanza amemaliza darasa la saba shuleni hapo hapo, na kwa kichwa cha hesabu alituacha mbali sote. Inaniuma mpaka leo kwamba nililitaja jina lake pale mbele kwa fahari. Zizi liliongezeka kwa mahari yake, ni kweli. Ila ndani ya nyumba tulikuwa watoto wanne, na mmoja alikuwa ameondoka.