Vidonge vya Mkwe

Kazi yangu ilikuwa kusoma faili la kila mgonjwa anayetoka wodini, kisha kuuingiza ugonjwa wake kwenye kompyuta kwa namba. Sekondari niliisoma jioni jioni, nikiwa tayari na ndevu za kutosha kujaza godoro, na mtu aliyesoma kwa shida hivyo haamini maandishi ya mwenzake kirahisi. Katika kituo chetu cha afya pale Tunduma nilikuwa naishuku hata saa ya ukutani.

Namba za madhara ya dawa ndizo zilizokuwa zikininyima raha kuliko zote. Dawa ikimharibia mtu mwendo wa moyo, unaandika namba mbili: moja ya kilichompata, nyingine ya dawa iliyomfanyia hivyo. Kabla ya hapo lazima ujue: aliimeza kama alivyoelekezwa, au alizidisha? Jibu likigeuka, na namba zinageuka.

Asubuhi moja nikaletewa faili la mama mkulima wa Ndalambo, anayeruhusiwa mchana huo. Alianguka akipalilia mahindi, moyo ukipiga polepole kama lori lililobeba nusu ya Zambia likipanda mlima. Daktari alimsimamishia kidonge cha presha, na kwa siku mbili moyo ukarudi kwenye mwendo wake. Faili likasema: moyo dhaifu kwa sababu ya umri, aendelee na kidonge kile kile. Mtoa maelezo: mkwe.

Nikanusa kitu. Uzee gani huo unaopona kwa siku mbili? Na kwa nini aseme mkwe, wakati mama ana mdomo wake? Akirudi kumeza vile vile, safari ijayo ataanguka asiinuke.

Nikabeba faili hadi wodini. Mkwe nilimkuta barazani, ameupa mlango mgongo kama mtu anayejificha. Mfanyabiashara wa mpakani, koti jipya.

"Mulishani, bosi," akanisalimia kwa Kibemba cha sokoni.

"Salama. Mama anameza dawa gani?"

"Kidonge kimoja kwa siku. Namletea mwenyewe kutoka Nakonde, ng'ambo ya mpaka."

"Na vile vya zahanati, vilivyoandikwa humu kwenye faili?"

"Hivyo aliacha."

"Ulimwona akiacha?"

"Wewe nawe! Nimwone wapi? Yule ni mama mkwe wangu!"

Kumbe ndiyo maana ya mgongo. Kwao mkwe hakai chumba kimoja na mama mkwe, sembuse kumuuliza habari za mwili wake. Alikuwa amejibu maswali yote ya daktari akiwa mlangoni, na mama ndani amefunika uso kwa khanga, kimya. Bado sikumwamini. Nikamtuma mapokezi akaonyeshe kitambulisho, ambacho hakuna aliyekihitaji.

"Shikamoo, mama," nikasema nikiingia wodini.

"Marahaba, mwanangu. Ameondoka?"

"Ameondoka."

"Kabisa?"

"Mama, hata ukipiga ngoma hasikii."

Akafungua fundo la khanga. Ndani kulikuwa na kibahasha cha zahanati na boksi la Nakonde.

"Hiki asubuhi, cha mkwe jioni."

"Vyote viwili?"

"Zahanati hawakuniambia niache. Na mkwe anavuka mpaka kwa ajili yangu, mimi nikitupe? Ningemtazama kwa macho gani?" Akakumbuka kwamba hamtazami kabisa, akacheka mpaka akakohoa. "Kwani si dawa mbili, mwanangu? Majina mbalimbali."

Nikavipeleka vyote viwili kwa daktari wetu, dada asiyependa kusahihishwa.

"Leo umekuwa daktari, wewe?"

"Hapana, dokta. Mimi ni mmbea tu mwenye cheti."

Akasoma maandishi madogo ya boksi, akasoma kibahasha, akarudia. Kisha akaketi.

"Dawa ni moja," akasema. "Anameza mara mbili."

Akakata mstari juu ya ule moyo dhaifu. Aendelee na vya zahanati tu, na wiki ijayo arudi kupimwa mapigo. Nami nikaandika namba ya moyo kwenda polepole, na ya dawa iliyozidi bila kukusudia. Roho iliniuma kidogo, maana kila kidonge alikimeza kama alivyoambiwa na aliyempa.

"Usimwambie mkwe kwamba zawadi yake ndiyo imeniangusha," mama akanisihi, alipokwisha kuelezwa na daktari.

Lakini nisipomwambia, si ataleta tena? Nikatoka hadi barazani, alikokuwa amerudi kutoka mapokezi, nikamweleza. Lile koti likaonekana limempwaya ghafla.

"Nimemuua mama mkwe?"

"Yuko humo ndani anacheka. Dawa yako haikuwa mbaya, kaka. Ilimkuta mwenzake ndani."

Halafu akaingiza mkono mfukoni, akatoa boksi jingine jipya.

"La mwezi ujao," akasema, bila kuliachia. "Akijua nimeacha kumletea, atasema nimemchoka."

"Nitamwambia umelileta, mimi nikakunyang'anya."

"Mwambie nilikataa."

"Nitamwambia tulipigana."

Ndipo akalitia mkononi mwangu.