Nilivyowatafsiri Vyura wa Shangazi

Masika yalipokolea, bonde la mpunga nyuma ya nyumba zetu, Temeke, lilianza kuimba kabla jua halijatua. Ilianza sauti moja ya kukatikakatika, kama mtu anayegonga kifuu cha nazi kwa kijiko. Ikajibiwa na nyingine kutoka kwenye matete. Kisha zikaungana zote mpaka aliyesimama ukingoni akahisi mtetemo kifuani. Watu wazima walisema vyura wanapiga kelele, wakafunga madirisha. Shangazi yangu Mwajuma, aliyelima kipande cha bonde lile, hakuwahi kusema “vyura” tu. Kwake hilo lilikuwa sawa na kutoka harusini, ukaulizwa uliwaona akina nani, ukajibu kwamba uliwaona watu.

Yeye aliwajua mmoja mmoja, kwa sauti, kwa rangi ya mgongo na kwa mahali walipotagia. Kulikuwa na Mmiminaji, mwenye sauti ya maji yanayotoka kwenye kibuyu chenye shingo nyembamba. Kulikuwa na Mvimba, mfupi wa miguu, ambaye ukimgusa alijaza upepo akawa kama andazi, na ambaye hakujua kuogelea, jambo lililonifanya nimwonee huruma sana kwa kuwa hata mimi sikujua. Kulikuwa na Bibi Povu, wa kijivu, aliyepanda matawi yaliyoinamia dimbwi na kuning’iniza huko mapovu meupe kama ya sabuni. Sisi watoto tuliamini kuwa ni mate ya shetani, tukapita mbali. Shangazi alinishika mkono akanisimamisha chini ya mapovu hayo. “Shetani gani wa kutema mate Temeke? Hayo mayai, mwanangu. Yakiiva, watoto wanadondokea majini. Na mama yao hatagi juu ya maji yatakayokauka.” Huo ndio ulikuwa msingi wa kilimo chake. Hakung’oa miche kitaluni kuipandikiza mpaka Bibi Povu aweke mapovu na Mmiminaji aimbe jioni tatu mfululizo. Wanawake wengine wa bondeni walimsubiri yeye, naye aliwasubiri vyura. Mimi niliyaandika yote katika daftari, pamoja na picha, nikiwapa baadhi yao miguu mingi kuliko waliyojaliwa na Mungu.

Mwaka huo nilikuwa nimeingia shule ya kati, na Kiingereza changu kichanga kilikuwa kimenipanda kichwani. Siku moja daftari lilionekana darasani. Kufumba na kufumbua, nikaitwa Chura. Aliyeanzisha ni Agnesi, jirani yetu, binti wa karani kutoka bara, mwenye viatu vyeupe ambavyo matope ya Temeke yaliviogopa kwa sababu nisiyoijua. Nilimtamani Agnesi awe rafiki yangu kwa bidii ile ambayo mtu huiweka kwa anayemdharau. Jioni ile nililitia daftari kwenye moto wa jikoni, nikamtazama Mvimba wa kuchorwa akiungua. Mwacha asili ni mtumwa, na mimi niliuendea utumwa huo mbiombio, nikiwa nimechana nywele.

Haikupita wiki, Bwana Afya akashuka bondeni. Alikuwa Mzungu mrefu wa kaptula, na nyuma yake vibarua waliobeba madebe na mabomba ya kunyunyizia. Serikali ilikuwa inapiga vita mbu, na kila dimbwi lilimwagiwa mafuta machafu. Mkalimani wake alikuwa amebaki barabarani na gari lililokwama. Mimi na Agnesi tulikuwa tunatoka shule. Shangazi alikuwa amesimama ndani ya dimbwi, kanga ameikunja magotini, matope mpaka viwikoni. Aliponiona uso ukamng’aa.

“Shikamoo, shangazi,” nilisema, kwa sauti ya mtu anayeomba salamu yake isifike.

“Marahaba! Njoo, Zena, njoo unisemee kwa Bwana, wewe una lugha yake. Mwambie kule kwingine atie, mbu hata sie hatuwataki. Lakini dimbwi hili aliache. Hawa wakifa, mie nitajuaje lini nipandikize? Na wenzangu wote wananitazama mie. Mwambie vizuri, mwanangu.”

Kwa kuogopa kwamba maneno hayatatosha, aliinama, akajaza mashavu, akaimba kama Mmiminaji. Kisha Mvimba. Kisha Bibi Povu, huku akionyesha matawi kwa kidole. Aliiga sawasawa, hata mmoja wa kweli akamjibu kutoka kwenye matete.

“Mama yangu wee!” Agnesi alininong’oneza, kiganja mdomoni. “Kumbe ni ukoo mzima!”

Kelele za chura hazimzuii ng’ombe kunywa maji, wamesema wahenga. Lakini Bwana Afya hakuwa ng’ombe. Hakucheka. Alimzuia kwa mkono kibarua mwenye bomba, akanigeukia na kuniuliza kwa Kiingereza mama huyu anasema nini. Je, ana sababu ya kutaka dimbwi hili liachwe? Akasubiri jibu.

Nilikuwa na maneno ya kutosha. Nilijua chura kwa Kiingereza, nilijua mpunga, nilijua tafadhali.

“Hana sababu, Bwana,” nikasema. “Anasema asante.”

Bwana Afya akatabasamu, akamwinamia shangazi kichwa, na bomba likafunguliwa. Shangazi akaniuliza Bwana amesemaje. Nikamwambia amekataa. Njiani Agnesi hakucheka tena. Aliniambia tu, “Hotuba yote ile ikawa asante? Kiingereza kifupi kweli.” Urafiki wake sikuupata.

Siku chache baadaye mapovu yaliiva. Watoto wa Bibi Povu walidondoka mmoja mmoja kwenye utando wa mafuta uliometameta kama upinde wa mvua, na hawakuzama wala hawakuogelea. Jioni zikawa kimya. Shangazi alipandikiza kwa kubahatisha, na maji yakakauka mpunga ukiwa ndio kwanza unachanua. Mwaka uliofuata wanawake wa bondeni hawakumsubiri tena. Kwa miaka mingi nilimsikia akiwasimulia watu habari za Mzungu mwenye roho ngumu aliyekataa kumsikiliza, nami nikikaa pembeni, nikiitikia kwa kichwa.

Majuto ni mjukuu. Wa kwangu alikuja nilipohitimu chuo kikuu, tena katika elimu ya wanyama, nikisifiwa kwa kutambua vyura kwa sikio. Nilikwenda kwa shangazi nikamweleza yote. Alikuwa anachambua mchele wa dukani, na hakuinua macho.

“Najua,” alisema. “Maneno yangu yalijaa kapu. Wewe ulimpa Bwana kiganja kimoja, naye akaitikia kwa adabu. Anayemkatalia mtu haitikii vile.”

“Basi kwa nini umemsingizia yeye miaka yote?”

“Ulitaka nimseme nani? Yeye alikwenda zake kwao. Wewe ungeishi hapa.”

Bonde lile sasa ni nyumba, ukuta kwa ukuta, na masika yakija maji huingia sebuleni yakitafuta mahali pake. Shangazi hayupo. Mimi huwapeleka wanafunzi mbali nje ya mji, wakiwa na mashine za kunasia sauti, na wao huniuliza majina. Huwapa kwanza ya Kilatini. Ya shangazi huyataja baadaye, kwa sauti ndogo zaidi, kisha natazama nyuso zao, mtu mzima mimi, kuona nani atacheka.