Nyumba ya Mikataba Miwili

Sisi tuliokuwa Saudia hatukuhesabu kwa miaka, tulihesabu kwa mikataba. Ukimuuliza muuguzi mwenzako kutoka Kenya amekaa Riyadh muda gani, hakwambii miaka minne. Anakwambia, "Niko wa pili," nawe umeshaelewa. Mkataba ni miaka miwili, na kila mwaka una mwezi mmoja wa likizo, basi. Vitu vyetu vyote tulivipima hivyo hivyo. Gari la mtumba ni nusu mkataba. Harusi ya mdogo wako ni robo. Na mimi, nilipoondoka Mombasa mwanzoni mwa miaka ile ya elfu mbili na kumi, mke wa mtu kwa mwaka mmoja tu, nyumba niliyoitaka niliipa mikataba miwili. Hakuna aliyenipigia hesabu hiyo. Niliipiga mwenyewe, na niliiamini kama dini.

Nilikuwa na miaka thelathini na mbili. Mume wangu alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, na tulikuwa tukiishi chumba kimoja nyumbani kwao, bafu tukigombania na mashemeji, mama mkwe akisikia hata tukigeuka kitandani. Makubaliano yetu yalikuwa mepesi: niende Saudia, tununue nyumba, nirudi, tuzae. Kwa mpangilio huo huo. Huyo mama mkwe alikuwa amefanya kazi Dubai miaka mingi, mume wangu akalelewa na bibi yake, na aliapa mtoto wake hatalelewa kwa simu. Nami nilikubaliana naye. Isitoshe, mkataba wangu ulikuwa wa mtu asiye na familia. Tulikaa mabweni ya hospitali, mume haji kukaa nawe, na ukishika mimba ndiyo kwaheri ya kazi. Kwa hiyo mtoto wetu ilibidi asubiri nyumba.

Mwaka wa kwanza haujaisha, tukasikia kuna benki ya nyumbani inakuja Riyadh kuuzia nyumba watu wa ughaibuni. Ijumaa hiyo basi la hospitali lilitushusha mtaa wa Olaya, tukaingia ukumbi wa hoteli yenye baridi ya kiyoyozi mpaka tukajuta kutobeba shali. Wakenya tulijaa humo. Wauguzi, mainjinia, walinzi wa maduka makubwa waliobadilishana zamu ili waje. Kulikuwa na pilau, kulikuwa na picha za nyumba ukutani, na kulikuwa na kijana mtanashati wa benki ambaye hakukaa chini hata mara moja. Wallahi, yule kijana angeweza kumuuzia kuku kisu.

Alinionyesha nyumba ya Mtwapa, vyumba vitatu vya kulala, ua mbele, ukuta kuzunguka. Kisha akaandika kwa kalamu kiasi cha kulipa kwa mwezi, akakizungushia duara. Nilikitazama nikaona ni kidogo. Mshahara wangu ulikitosha na baki ikabaki. Akaniuliza ninataka mkopo wa shilingi au wa dola, akaniambia wa dola riba yake ni ya chini, na sisi watu wa riyali hatuna cha kuogopa.

"Riyali na dola ni ndugu wa tumbo moja, sista," alisema. "Moja haitikisiki bila nyingine. Mlevi ni shilingi."

Ukumbi mzima ulicheka. Nami nilicheka, tena kwa sauti.

Huku nyuma mume wangu naye hakuwa amelala. Alikwenda benki moja ya mjini Mombasa, zile zisizotoza riba. Hao wananunua nyumba wenyewe, wanaongeza faida yao, halafu wanakuuzia wewe ulipe kidogo kidogo, lakini bei nzima unaijua siku ya kwanza na haibadiliki. Alinisomea bei hiyo kwenye simu. Lo! Nilipiga kelele mpaka mwenzangu wa chumba akatoa kichwa kwenye blanketi.

"Hiyo ni bei ya nyumba mbili na banda la kuku! Wamekuona mwalimu wakadhani hujui kuhesabu?"

"Angalau hawa wamesema yote," alinijibu. "Huyo wako amekwambia yote ni kiasi gani?"

"Ameniambia ya mwezi."

"Sikukuuliza ya mwezi, bibi. Nimekuuliza yote."

Nilimwambia yote ya nini, miaka ishirini iko kwenye makaratasi tu, mimi nitalimaliza deni kwa mikataba miwili. Akanikumbusha kwamba riba ni riba, na kwamba naishi nchi ya Makka halafu naifuata kwa miguu yangu. Nilijibu maneno ambayo sitaki kuyaandika hapa. Akasema, "Haya, wewe ndiye utakayelipa," akaenda kutia saini ule mkopo wa dola kwa niaba yetu sote wawili. Ukweli wenyewe ni kwamba bei ile ilinitisha kwa sababu ilikuwa nzima. Ya kijana wa Olaya haikunitisha kwa sababu sikuiona.

Tangu hapo mpaka mwisho wa mkataba wa pili nilifanya kazi kama ninayekimbizwa. Nilichukua zamu za watu wa sikukuu, zamu za wagonjwa, zamu za waliogombana na wakubwa wao. Kila nilichopata cha ziada nilituma benki, juu ya malipo ya mwezi. Mume wangu alihamia Mtwapa peke yake, akawa ananitumia picha. Leo mpapai, kesho mlango wa jikoni umerekebishwa. Nilipokuja likizo tulilala kwetu, tukacheka mpaka usingizi ukatuchukua, hakuna wa kutusikiliza ukutani. Sitasema hatukupata raha.

Mkataba wa pili ulipoisha niliaga. Wenzangu walinipikia, wakanipa zawadi, wakanililia. Nilishapata kazi hospitali moja ya Mombasa, nikafika nyumbani na masanduku yangu yote. Wiki hiyo hiyo tulikwenda benki, mimi na mume wangu, tuulize kimebaki kiasi gani ili tukimalizie.

Dada wa pale dirishani alitugeuzia kioo cha kompyuta. Nilidhani amefungua akaunti ya mtu mwingine. Deni lilikuwa karibu pale pale tulipoliacha.

Alitueleza kwa upole, na upole wake ndio uliozidi kuniudhi. Miaka ya mwanzo, alisema, sehemu kubwa ya unacholipa ni riba. Mkopo wenyewe unamegwa kidogo tu, mpaka miaka ya mbele huko ndipo unaanza kupungua kwa kuonekana. Na zile pesa zangu za ziada, je? Zilihifadhiwa kama malipo ya miezi ijayo, kwa sababu sikuwahi kuandika barua kuagiza zipunguze mkopo. Zaidi ya miaka mitatu ya zamu za watu! Hakuna aliyeniambia kuna barua. Nami sikuuliza.

Kisha mume wangu akauliza swali ambalo mimi sikuwa nalo kichwani. "Akianza kazi hapa, mshahara wake wa shilingi, malipo ya mwezi yatakuwa kiasi gani?" Yule dada akapiga hesabu kwa bei ya dola ya siku ile. Shilingi ilikuwa imeshuka sana tangu ile Ijumaa ya pilau. Malipo ya mwezi yalimeza mshahara wangu mpya wote, yakaingia na kwenye wake. Mlevi alikuwa ameanguka, na aliniangukia mimi.

Hapo ndipo nilipoelewa tulichokitia saini. Dola haikuwa na hatari kwangu madamu niko Saudia napokea riyali. Siku nikirudi nyumbani, deni linavimba. Nyumba niliyoinunua ili nirudi ndiyo iliyokuwa inanizuia kurudi. Watu waliokopa kwa shilingi walilalamikia riba zao kubwa, lakini walikuwa wanalala kwao. Kosa langu lile hawezi kulifanya mtu wa Mombasa anayepokea mshahara Mombasa. Ni kosa letu sisi wa riyali, tuliojiona tumewashinda wote akili.

Tulirudi nyumbani kwa miguu sehemu ya njia. Tulipofika, mume wangu aliketi kizingitini, akavua viatu.

"Tuiuze," alisema.

"Tukiiuza leo hatupati hata tulichotia."

"Tutarudi kwetu, chumba kile kipo. Mimi nilioa mwanamke, sikuoa nyumba."

Naikumbuka sauti yake. Hakuwa na hasira. Nilikuwa na miaka thelathini na sita, na kila mtu katika kazi yangu anajua maana ya umri huo kwa uzazi, nimewaambia wanawake mwenyewe mara ngapi. Lakini nilifikiria mashemeji watakavyotutazama tukirudi na vyombo vyetu kichwani, nikafikiria zamu zangu zote zikienda bure. Nikamwambia mkataba mmoja tu. Barua ya benki nitaiandika, ziada yote itapunguza mkopo, nikimaliza huo deni litakuwa limelegea. Mwenye pupa hadiriki kula tamu, mamangu alizoea kunisomea methali hiyo tangu utotoni, nami kila mara nilidhani anazungumzia chakula.

Safari hii nilikwenda Jeddah, hospitali yenye mshahara bora. Jeddah ina bahari na watu wake wana maneno laini kuliko wa Riyadh, na siku za mapumziko nilikuwa nikizurura Balad, mji mkongwe, kwenye zile nyumba kuukuu za matumbawe, nikinunua mapazia na sahani za nyumba nisiyokaa. Makka iko karibu, nikaenda umra mara kwa mara. Na wenzangu wakilia na kuomba watoto, waume, afya za wazazi wao, mimi nimesimama mbele ya Kaaba namwomba Mungu dola isipande. Mtoto sikumwomba. Nilikuwa namwogopa asije kabla ya wakati.

Mkataba ule ukawa miwili, ikawa mitatu. Kila likizo mume wangu aliniuliza, na kila likizo nilimwambia bado kidogo. Nilikuwa nikimeza vidonge vya kuzuia mimba hata nikiwa nyumbani kwangu, kitandani kwangu, mwezi mmoja katika mwaka. Mara moja alivikuta kwenye kabati, akavishika, akasema, "Hivi tu viache, mke wangu. Mengine tutajua." Nilivichukua mkononi mwake. Nikilikumbuka tendo hilo naona haya mpaka leo, na hapana siku nisiyolikumbuka.

Deni lililipika. Niseme na hilo, maana nililipa kweli, muda mrefu kabla ya ile miaka ishirini, na benki ilinitoza faini kwa kulimaliza mapema! Siku hiyo nilijumlisha kila nilichotuma tangu mwanzo. Jumla ilikuwa imeipita bei ya ile benki ya mume wangu, ile niliyoipigia kelele. Yeye nilipomwambia hakusema, "Nilikwambia." Afadhali angesema.

Kabla ya kuondoka Jeddah nilimwomba daktari mmoja Msudani, mwanamke tuliyefanya kazi pamoja, anipime uzazi. Nilikuwa na miaka arubaini na mbili. Alizungumza nami kwa namna mimi mwenyewe ninavyozungumza na wagonjwa habari zikiwa mbaya, ameketi karibu, mikono magotini. Nilikuwa nataka kumwambia anyamaze, najua neno linalofuata. Tulijaribu baada ya hapo, nyumbani, tena kwa dawa na kwa dua. Hapakutoka kitu.

Sasa nakaa nyumbani kwangu. Ni nyumba nzuri, sitaikana. Mwaka ule wa kwanza majirani walikuja kunikaribisha, maana wengi walimjua mume wangu tu, wakadhani ni kapera. Mmoja wao, mwanamke mtu mzima aliyehamia karibuni, aliketi sebuleni na mahamri yake, akatazama huku na huku, kisha akaniuliza kwa nia njema kabisa, "Na watoto, mwanangu, wako chuoni?"

Nilifungua mdomo. Mume wangu alikuwa anaingia na birika la chai, akanitangulia.

"Hatukujaaliwa, mama," alisema.

"Mungu ndiye mpaji," alijibu yule mama. "Hapangiwi."

Mume wangu alimimina chai, kikombe cha mgeni kwanza, kisha changu, hakunitazama. Aliisema kwa wepesi, nikafahamu kwamba si mara ya kwanza, kwamba miaka yote hiyo mimi niko Saudia yeye alikuwa akiulizwa na akijibu hivyo hivyo, msikitini, shuleni, kwa ndugu zake. Ningeweza kusema ukweli. Nilipokea kikombe, nikasema alhamdulillahi, nikamwachia Mungu lawama isiyokuwa yake.