Geti Nililoweka Njiani

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, ambayo hadi leo ikinijia mwili hunisisimka, na mimi si mtu wa kushtuka ovyo.

Wazazi wetu walifariki nikiwa kidato cha pili. Niliacha shule nikawalea wadogo zangu watatu hapa mtaa wa Ziwani kwa kuuza mapazia sokoni Eastleigh. Kwa hiyo siku niliponunua gari, kuukuu tu, la kubebea mzigo, nilijiona nimefika. Tatizo likawa pa kuliweka. Mtaa wetu ulijengwa zamani kwa ajili ya watu waendao kazini kwa miguu: nyumba zimetazamana, katikati yake vinjia. Kimoja kilipita ubavuni mwa nyumba yetu, na nusu ya mtaa walikitumia kwenda Eastleigh bila kukanyaga barabara kubwa. Nilipokipima, upana wake ulilitosha gari langu kamili. Nikaita fundi, akachomelea geti, nikatia kufuli. Kamati ya mtaa ilinung'unika, kisha ikanyamaza. Wawili kati yao nao walikuwa wakitafuta pa kuegesha.

Aliyenijia ni Mzee Mutua peke yake, jirani yetu aliyestaafu udereva.

"Mama wa wadogo," aliniambia, maana ndivyo alivyoniita, "kwako mna magari mangapi?"

"Moja, Mzee."

"Na miguu?"

Nikacheka. "Mzee, umeendesha magari ya watu maisha yako yote, sasa unalionea langu wivu?"

"Nimeyaendesha, ndiyo maana nayajua. Ukiwa ndani, kila aliye nje unaona anakuzuia tu." Akaenda zake.

Haikupita wiki mbili. Nilikuwa nimechelewa, nikaingia barabara kubwa, pale ambapo lami inaishia mdomoni mwa mtaro na hakuna pa kuweka mguu. Watu walikuwa wakitembea juu ya lami, wengi kuliko nilivyozoea. Nikashangaa wametoka wapi. Nikapiga honi, sikupunguza mwendo. Mmoja akaruka, akatumbukia mtaroni. Unajua nilichofanya, mwanangu? Nilisimama, nikashusha kioo nimtukane.

"We, barabara ni ya mamako?"

Akainua uso. Alikuwa Kamau, kitindamimba wetu, seremala, ameushika mkono wake wa kulia uliopinda mahali pasipo na kiungo. Na mama niliyemtaja ni mama yetu, marehemu, aliyeniachia mtoto huyo mikononi.

"Siz," akasema polepole, kama anayeomba radhi, "ningepitia wapi? Si ulifunga."

Nilikaa na usukani mkononi, sikuweza kufungua mlango. Wapita njia ndio waliomtoa.

Geti lilikatwa siku hiyo hiyo. Mkono wa Kamau uliunga, lakini haunyooki. Randa anaisukuma kwa mkono wa kushoto, na hajawahi kunilaumu. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi sikusikia, akavunjika mwingine.

Nawasikia ninyi vijana mkisema mtanunua magari kwa kuwa kutembea mjini ni hatari. Ni kweli. Lakini hatari hiyo haikunyesha na mvua. Imejengwa, na sehemu yake nilimlipa fundi mimi mwenyewe aijenge. Tukifunga njia ya miguu, watu huingia barabarani. Wakiogopa barabara, hutafuta gari. Wakipata gari, hutafuta pa kuliweka, basi njia nyingine hufungwa. Ukijaliwa gari, nunua, sikukatazi. Ila kabla hujauliza litalala wapi, uliza nani hupita hapo. Na ukiitwa mkutanoni kupanga mtaa, msemee kwanza mwenda kwa miguu, kwani saa hiyo yuko kazini na hakuna atakayemtaja.

Mungu akutangulie utokapo na akulinde urudipo. Akupe kufika salama, wala asikufanye wewe sababu ya mwenzako kutofika.