Bahasha za Mkono wa Kushoto

Mimi nina shoto. Nilipokuwa mdogo, hapa hapa Kibiti, shangazi yangu, dada wa baba, alinifunga kitambaa mkono wa kushoto kila tulipokaa kula, ili niuzoee wa kulia. Kula nikazoea. Kuandika kukanishinda. Kalamu ikiwa mkono wa kulia, herufi zangu zililala huku na huku kama uzio ulioliwa na mchwa. Walimu wa shule wakaniacha niandike nipendavyo, lakini shangazi akija nyumbani nilifunga daftari.

Ukubwani, kazi yangu ikiwa ushonaji, nilianza kujifunza kwenye simu ule mwandiko wa madaha, ambao mistari ya herufi hunenepa ikiteremka na kukonda ikipanda. Niliagiza Dar kalamu ya nibu, ile inayochovywa winoni, na chupa ya wino mweusi, nikawa nafanya mazoezi nyuma ya kalenda za zamani. Mdogo wangu wa kike alikuwa akinitazama tu. Alipoposwa na kadi zake za harusi zikatoka kiwandani, ndugu walitaka majina ya wageni yachapwe stationari, yabandikwe juu ya bahasha. Yeye hakutaka. Alibeba bahasha zote, akazimwaga kitandani kwangu, akasema anataka kila mgeni ajue kuwa kuna mtu aliyekaa chini akaliandika jina lake.

Nilifurahi mpaka nilipoanza. Kwenye mazoezi nilizoea kuandika herufi moja moja, nikingoja ikauke. Jina zima ni kitu kingine. Maandishi yanakwenda kulia, na kiganja cha mtu wa shoto kinayafuata nyuma, kikiburura wino mbichi. Jina la mzee mmoja wa Chumbi likawa wingu jeusi. Nikakunja kifundo cha mkono ili kiganja kipite juu ya mstari. Mkono ukauma na herufi zikatetemeka. Nikajaribu wa kulia, nikapata uzio ule ule wa utotoni.

Kesho yake asubuhi nilikaa barazani nikaigeuza bahasha ubavu, upande wake wa kushoto ukawa juu, nikaandika kama mtu anayeteremka ngazi, jina likija kuelekea kifuani kwangu. Mkono ulikaa pembeni ya wino, haukuugusa hata kidogo. Nilipoinyoosha bahasha nikamkuta mzee wa Chumbi amekaa pale, safi, herufi ya kwanza imejikunja kama utepe. Nilicheka peke yangu. Mpaka adhuhuri mkeka wote ulikuwa umejaa bahasha zinazokauka.

Hapo ndipo shangazi alipofika. Ameolewa Maparoni, huko delta, analima mpunga, na alikuja mapema kwa ajili ya shughuli. Alisimama barazani akanitazama nikimaliza jina.

"Na za wazee pia unaziandika kwa mkono huo?"

Nikamwitikia kwamba ndiyo. Aliingia ndani akamwambia mama, nami nasikia, kwamba mkono ule una kazi yake, na kazi hiyo si kuwaita watu wazima. Mama akatoka, akaniomba kwa upole angalau za wazee ziende stationari. Nilikuwa nimeshashika kifuniko cha wino nifunge. Kisha nikayatazama majina yale pale mkekani, nikaona siwezi.

Shangazi alipotoka nikamwambia, "Shangazi, kuandika nitaandika kwa kushoto. Kukupa, nitakupa kwa kulia."

Nikachukua bahasha mpya, nikaigeuza ubavu, nikaandika jina lake mbele yake. Sikuandika mama fulani, kama wote wanavyomwita. Niliandika jina alilopewa alipozaliwa, na la baba yake. Nikaiacha ikauke, nikapiga goti, nikampa kwa mkono wa kulia.

Aliishika mbali na macho, kama asomavyo kila kitu siku hizi. Kidole chake kilifuata herufi zile hewani.

"Hili la mwisho ni baba?"

"Ndiyo, shangazi. Ni babu."

Akaendelea kuitazama. Mwisho akaikunjia ndani ya kanga yake, akasema, "Andika zote za Maparoni. Nitazipeleka mwenyewe."

Na kweli alizipeleka. Alizifunga kwenye mfuko wa nailoni zisilowe ndani ya boti, akagawa nyumba kwa nyumba, akarudi akieleza nani alisomewa jina lake mara ngapi. Siku ya harusi wageni wa delta waliingia bahasha mkononi, ingawa hakuna aliyewadai kuzionyesha mlangoni. Mama wa bwana harusi, mtu wa Mloka, akauliza zimeandikwa na nani. Shangazi aliwahi kabla ya mtu mwingine yeyote. Akaniita toka jikoni, nikaja na kanga yenye madoa ya mchuzi, akasema mbele ya wanawake wote:

"Huyu. Mtoto wa kaka yangu. Kama mnataka na nyinyi, ongeeni naye mapema."

Walikuja. Leo mezani kwangu kuna bahasha za harusi ya Ikwiriri, na wenyewe wameniomba majina ya babu na bibi yaandikwe kwa ukamilifu wake, mengine marefu mpaka yanakaribia ukingo wa karatasi. Hayo marefu ndiyo ninayoyapenda. Nikigeuza bahasha ubavu, yana nafasi ya kuteremka kwa raha zake.